Namna ya kulitumia neno "kolevu", kutoka kwenye chumvi hadi kwenye chupa ya asidi

Weka mezani chupa mbili za asidi ya haidrokloriki. Zote zina kimiminiko kisicho na rangi, na kwa macho peke yake huwezi kuzitofautisha. Fungua ya kwanza, hakuna kinachotokea. Fungua ya pili, moshi mweupe unaanza kufuka mdomoni mwa chupa na pua inakurudisha nyuma kabla hujawaza lolote. Asidi ni ileile. Ila ya kwanza ina moli 0.1 kwa kila lita (moli ni kipimo cha kiasi cha kemikali), na ya pili ina moli 12 hivi. Ukiulizwa tofauti yake kwa Kiswahili, wengi tutajibu haraka kwamba ya pili ni "kali". Jibu hilo si sahihi, kwa sababu kikemia zote mbili ni kali. Neno linalozitenganisha ni *kolevu*.

Neno hili halisikiki sana. Wanaosoma sayansi kwa Kiswahili shule ya msingi na kisha kubadili lugha sekondari hufika maabara wakiwa hawajawahi kulikuta, na huko hulitumia "kali" kwa kila kitu kinachochoma. Mwongozo huu ni kwa ajili yao, na kwa ajili ya mwalimu, mtafsiri na mtunza maabara anayeandika lebo.

Hatua ya 1: Anza na kitenzi unachokijua tayari

Huhitaji kulikariri neno hili kama neno geni. Limezaliwa na kitenzi *kolea*, kama vile *legevu* lilivyotokana na legea na *potevu* lilivyotokana na potea. Na kolea unakijua. Chumvi imekolea, maana yake imeingia ya kutosha hadi ulimi unaisikia. Rangi imekolea kwenye kitambaa. Moto umekolea. Mazungumzo yamekolea, watu wamesahau saa. Usingizi ukikolea, mtu haamshwi kwa kuitwa mara moja.

Tazama kinachoziunganisha sentensi hizo. Kila moja ina kitu kilichomo ndani ya kingine, na kilichomo kimeongezeka kikafika kiwango cha kujidhihirisha. Hiyo ndiyo maana ya kikemia, haikuongezwa chochote. Kukiwa na asidi ndani ya maji, chumvi ndani ya maji au sukari ndani ya maji, na kile kilichomo kikawa kingi kikilinganishwa na maji yanayokibeba, basi myeyusho huo ni mkolevu.

Kwa hiyo unapolisoma neno hili jiulize swali moja: nini kimekolea ndani ya nini? Usipoweza kujibu sehemu zote mbili, huenda neno limetumika vibaya.

Hatua ya 2: Lipe kiambishi chake

Ni kivumishi kinachokubali viambishi vya ngeli, si kama "safi" au "hafifu" ambavyo havibadiliki. Hapa ndipo watu huteleza zaidi, hasa kwa kuwa "asidi kolevu" ndiyo wanayoisikia mara nyingi, na asidi iko katika ngeli isiyoonyesha kiambishi hapo.

Asidi kolevu, besi kolevu, rangi kolevu, dawa kolevu: hapo hubaki lilivyo, umoja na wingi. Myeyusho mkolevu, miyeyusho mikolevu. Kimiminiko kikolevu, vimiminiko vikolevu. Wanaosema mmumunyo badala ya myeyusho wataandika mmumunyo mkolevu, mimumunyo mikolevu. Maneno yote mawili yanatumika na sioni sababu ya kugombana, mradi ukichagua moja ulishike hadi mwisho wa andiko lako. Neno la kuepuka hapa ni "suluhisho". Hilo ni la tatizo na mgogoro. Chumvi ndani ya maji haikusuluhishwa, imeyeyuka.

Kwa maji, sarufi inaruhusu "maji ya chumvi makolevu", lakini masikioni mwangu inakwaruza. Ningeandika "maji ya chumvi yaliyokolea", na maana haipungui.

Hapo kuna tofauti nyingine ndogo inayofaa kuishika. *Iliyokolea* inaelekeza kwenye hali iliyofikiwa. *Iliyokolezwa* inasema kuna mtu au kitu kilichoifanya iwe hivyo, pengine kwa kuchemsha maji yakapungua. *Kolevu* haisimulii historia, inataja tu sifa ya kitu kama kilivyo sasa. Ndiyo maana inafaa zaidi kwenye lebo: anayeishika chupa hana haja ya kujua ilikolezwaje, anataka kujua kilichomo kikoje. Jina la sifa yenyewe ni *ukolevu*, na ndilo tunalopima kwa moli kwa lita.

Hatua ya 3: Tenganisha "kolevu" na "kali"

Hii ndiyo hatua iliyonifanya niandike. Niliwahi kuona maelekezo ya jaribio la titresheni, yaani kudondosha asidi kutoka kwenye bureti, mrija wenye vipimo, hadi imalize besi (kinyume cha asidi) iliyo chini, ambamo aliyeyaandaa aliandika "jaza bureti kwa asidi kali". Alikusudia asidi ya haidrokloriki ya moli 0.1 kwa lita. Mwanafunzi aliyeyasoma akaenda kabatini na kurudi na chupa inayofuka moshi, kwa sababu kwake hiyo ndiyo kali. Kwenye chupa ya chini kulikuwa na mililita 25 za haidroksaidi ya sodiamu, ambayo ni besi, nayo ya moli 0.1, yenye rangi ya waridi kutokana na kiashiria, kitu kinachobadili rangi besi ikiisha. Alitarajia atumie mililita 25 za asidi. Tone la kwanza, la pili, la tatu, la nne, na la tano rangi ikatoweka. Matone matano! Alidhani kiashiria kimeharibika. Bahati yake alikuwa amevaa glavu na miwani, na bureti haikumwagika.

Piga hesabu uone kwamba hakuna kilichoharibika. Tone moja la bureti ni kama mililita 0.05. Kwa asidi ya moli 12, tone hilo linabeba milimoli 0.6 (milimoli ni sehemu moja ya elfu ya moli). Chini kulikuwa na milimoli 2.5. Manne hayatoshi, matano yanazidi. Kosa lote lilikuwa kwenye kivumishi.

Sasa tofauti yenyewe. *Kali* na *hafifu* husema jinsi asidi inavyotenda ikishaingia majini: je, molekuli zake zinaachana na kutoa ioni za haidrojeni (chembe zenye chaji ya umeme), au nyingi zinabaki zimeshikana? Msingi wa fikra hiyo uliwekwa na Mswidi Svante Arrhenius katika tasnifu yake ya mwaka 1884, na mwaka 1903 alipewa Tuzo ya Nobel ya kemia. Asidi ya haidrokloriki huachana karibu yote, hivyo ni kali. Asidi ya asetiki, ile ya kwenye siki, ikiwa moli 0.1 kwa lita, ni kama molekuli 1 tu katika kila 100 inayoachana. Hiyo ni hafifu. Ukali huu ni tabia ya asidi yenyewe. Huwezi kuutia kwa kuongeza asidi wala kuutoa kwa kuongeza maji.

*Kolevu* na *iliyozimuliwa* husema kitu kingine kabisa: kuna asidi kiasi gani ndani ya ujazo ule. Hiyo iko mikononi mwako. Ongeza maji, ukolevu unashuka.

Kwa kuwa ni mambo mawili tofauti, yanaweza kukutana kwa namna nne, na kila moja ipo kweli kwenye rafu:

- Asidi kali kolevu: haidrokloriki ya moli 12, ile inayofuka.
- Asidi kali iliyozimuliwa: haidrokloriki hiyohiyo ikiwa moli 0.1.
- Asidi hafifu kolevu: asetiki isiyo na maji, yenye moli 17 hivi kwa lita. Hugeuka kama barafu chumba kikipoa chini ya nyuzi 16 za selsiasi, na huunguza ngozi.
- Asidi hafifu iliyozimuliwa: siki ya mezani.

Ile ya tatu ndiyo inayowashangaza watu. Wakisikia hafifu wanadhani haina madhara. Tena vipimo vinaweza kugeuka kinyume cha matarajio: asidi ya asetiki ya moli 1 kwa lita ina pH ya 2.4 hivi (pH ikiwa ndogo, uasidi ni mkubwa), huku haidrokloriki ya moli 0.001 ikiwa na pH ya 3. Hafifu iliyokolea imeishinda kali iliyozimuliwa. Asiyetenganisha maneno haya mawili hataelewa hata akionyeshwa kipimo.

Na kuna asidi ya haidrofloriki, ambayo kwa kemia imo kwenye kundi la hafifu. Inakula kioo. Ikigusa ngozi hupenya hadi ndani na kuushambulia mfupa, na inateka kalsiamu ya mwili kiasi cha kuweza kuua. Tafadhali usiruhusu neno "hafifu" likutulize mbele ya chupa hiyo.

Hatua ya 4: Liondoe kati ya maneno yanayofanana nalo

*Ulioshiba.* Myeyusho ulioshiba ni ule ambao hauwezi kupokea zaidi, ukiongeza kinabaki chini. Watu hudhani kilichoshiba lazima kiwe kikolevu. Si lazima. Maji ya chokaa tunayoyatumia kupima hewa ya ukaa hushiba kwa gramu 1.7 hivi tu katika lita nzima, kwa hiyo yameshiba na bado yako mbali sana na kukolea. Upande wa pili, sukari hupokelewa gramu 200 hivi katika mililita 100 za maji kwenye joto la kawaida. Ukiweka gramu 150 una myeyusho mkolevu sana, mzito wa kunata, na bado haujashiba. Chumvi ya kawaida ina yote mawili: hushiba kwenye gramu 36 hivi kwa mililita 100, na kufikia hapo imekolea kweli.

*Safi.* Kolevu haina habari na usafi. Asidi inaweza kuwa kolevu na ikawa na chuma kilichochanganyika ndani, na nyingine ikawa imezimuliwa sana lakini safi kabisa.

*-zito.* Hili ni la uzani, au la kimiminiko kisichotiririka upesi. Mara nyingi huenda pamoja na ukolevu, ndiyo maana huchanganywa. Asidi ya salfuriki kolevu kweli ni nzito. Ukiinua chupa yake ya lita moja mkono unashtuka, kwa kuwa macho yalitegemea kilo 1 na ndani kuna kilo 1.84, na ukiimimina inateremka polepole kama mafuta. Lakini asidi ya haidrokloriki kolevu inamiminika kama maji. Uzito haukuambii ukolevu.

Hatua ya 5: Usiliache peke yake, lipe namba

Kolevu si kipimo. Ni neno la kukutahadharisha, na kila kemikali ina kiwango chake ambacho wanakemia wamezoea kukiita kolevu. Asidi ya salfuriki kolevu huwa na asidi kiasi cha asilimia 98 kwa uzito, sawa na moli 18 hivi kwa lita. Ya nitriki huwa karibu asilimia 68 hadi 70, moli 15 na ushei. Ya haidrokloriki huishia asilimia 37 hivi, na mtu asidhani ameuziwa iliyopunguzwa: asili yake ni gesi iliyoyeyushwa majini, na maji hayaipokei yote unayotaka kuitia. Ndiyo ile inayotoka mdomoni mwa chupa ukiifungua, ikikutana na unyevu wa hewani na kuwa moshi.

Kwa hiyo "asidi kolevu, mililita 5" ni maelekezo pungufu. Andika "asidi ya nitriki kolevu, asilimia 68, mililita 5". Maneno matatu ya ziada, na hakuna wa kubahatisha.

Hatua ya 6: Jifunze na kinyume chake, na vitenzi vyake

Kutoka kolea tunapata *koleza*, yaani kufanya ikolee. Kinyume chake ni *zimua*. Zimua ni neno zuri sana la Kiswahili ambalo linasahaulika: ni kutia maji kwenye kitu kikali ili nguvu yake ipungue, au kutia maji baridi kwenye ya moto. Maabara imelichukua lilivyo. Hakuna kivumishi kifupi kinachosimama sawasawa mbele ya kolevu, kwa hiyo tunasema *iliyozimuliwa*, *uliozimuliwa*, *kilichozimuliwa*. Usiandike "asidi hafifu" ukimaanisha iliyozimuliwa. Hafifu ina kazi yake tuliyoiona.

Hesabu ya kuzimua ni nyepesi: ukolevu wa mwanzo ukiuzidisha kwa ujazo unaouchota, utapata sawa na ukolevu unaoutaka ukizidishwa kwa ujazo wa mwisho. Unataka mililita 500 za haidrokloriki ya moli 1, na unayo ya moli 12. Zidisha 1 kwa 500, gawanya kwa 12: unahitaji mililita 41.7. Weka kwanza kwenye bika, chombo cha kioo cha maabara, maji yaliyokenekwa, mililita 400 hivi, mimina asidi humo taratibu ukikoroga, acha ipoe, ihamishie kwenye chupa ya kupimia, suuza bika kwa maji kidogo na kuyatia humohumo, kisha jaza maji hadi alama ya 500.

Asidi inaingia kwenye maji. Maji hayaingii kwenye asidi. Kwa salfuriki hili ni la kufa na kupona: inapokutana na maji hutoa joto jingi, na maji machache yakimwagwa juu ya asidi kolevu huchemka papo hapo na kurusha matone usoni. Ukiimimina asidi kidogokidogo ndani ya maji mengi, maji yanalibeba joto hilo. Fanya kazi hii kwenye kabati lenye feni inayovuta mvuke nje, ukiwa na glavu, miwani ya kinga na koti.

Kukoleza ni kugumu kuliko kuzimua, na si kila kitu kinakubali. Maji ya chumvi utayachemsha na yatakolea hadi chumvi ijitenge. Lakini ukichemsha asidi ya haidrokloriki iliyozimuliwa, itakolea mpaka asilimia 20 hivi tu. Kuanzia hapo asidi na maji huondoka pamoja kwa uwiano uleule, na hutaona ongezeko hata uchemshe kutwa. Ya kolevu hupatikana kwa kuipitisha gesi yenyewe majini.

Hatua ya 7: Soma kivumishi kabla ya kusoma jina

Mtu anaweza kusema asidi ni asidi, kolevu itafanya haraka na iliyozimuliwa itafanya polepole. Sivyo. Mara nyingi zinafanya mambo mawili tofauti kabisa.

Mimina salfuriki kolevu juu ya sukari nyeupe. Inageuka njano, kisha kahawia, kisha inavimba kuwa nguzo nyeusi ya kaboni inayopanda juu ya bika ikitoa mvuke wa moto, kwa sababu asidi imeinyang'anya sukari haidrojeni na oksijeni kama maji. Tumia iliyozimuliwa, sukari itayeyuka tu. Tia kipande cha shaba kwenye nitriki kolevu, gesi ya kahawia inajaa chupani. Tia kwenye iliyozimuliwa, gesi inayotoka haina rangi, na hugeuka kahawia pale tu inapoikuta hewa. Chuma nacho huliwa na nitriki iliyozimuliwa, lakini kwenye kolevu hujifunika utando mwembamba wa oksidi na kutulia kana kwamba hakuna kitu.

Ndiyo maana kwenye maelekezo ya jaribio napiga mstari chini ya kolevu na iliyozimuliwa kwanza, kisha ndipo nasoma jina la asidi.

Hatua ya 8: Andika lebo

Chukua kalamu isiyofutika kwa maji. Anza na jina kamili la kemikali, kisha kivumishi, kisha ukolevu kwa namba na kipimo chake, kisha onyo, tarehe na jina la aliyeandaa. Usifupishe kivumishi kuwa "kol.", mtu mwenye haraka haoni nukta. Bandika lebo upande unaotazama kiganja unapomimina, ili tone likiteremka lipite upande wa pili na maandishi yasifutike. Zile chupa mbili za mwanzo zikishaandikwa zitasomeka hivi:

Asidi ya haidrokloriki, kolevu. Asilimia 37, moli 12 kwa lita. Inaunguza, mvuke wake unadhuru. Fungulia kabatini.

Asidi ya haidrokloriki, iliyozimuliwa. Moli 0.1 kwa lita. Kwa titresheni.